Maswali ya Wasomaji: Hili "Cool" Lina Maana Ngapi?

Mwezi huu nimeweka kando barua za sarufi ili nijibu zile zinazouliza juu ya neno moja tu la Kiingereza: "cool". Zimetoka Nungwi, Mwanza, Kahama, Iringa, Kisumu, Muscat, Columbus, na moja imetoka kwa dada Mkongomani anayeishi Texas. Ni neno la herufi nne ambalo mtoto wa shule ya msingi analijua, na bado linawakwaza watu wazima wanaofanya kazi kwa Kiingereza kila siku. Mimi nilifundisha lugha hiyo katika sekondari za hapa Tanga mpaka nilipostaafu, na barua za namna hii huzipokea kwa furaha. Nimezifupisha, na majina ya walioandika nimeyaacha.

Mwalimu, shikamoo. Mimi ni mhudumu wa mgahawa katika hoteli moja Nungwi. Asubuhi nilimuuliza mgeni kama nimwongezee kahawa, akajibu "I'm cool". Nikamimina. Akainua mkono kunizuia, kahawa ikamwagikia kitambaa cha meza, na msimamizi akanikaripia mbele ya watu. Jioni nikamwambia mgeni mwingine kwamba samaki wameisha, amebaki pweza. Akasema "That's cool". Nikadhani naye anakataa, nikaondoa menyu. Kumbe alimtaka huyo pweza. Nitajuaje?

Marahaba, mwanangu, na pole kwa kukaripiwa. Tazama kwanza neno hilo limesemwa juu ya nani au juu ya nini. Mtu aliyeulizwa kama aongezewe kitu akisema "I'm cool", anajisema yeye mwenyewe: nimetosheka. Ni kukataa kwa adabu, na vijana wengi wa Kimarekani hupenda kusema hivyo, au "I'm good", kuliko kusema "hapana" wazi. Nasi tunayo desturi hiyo. Ukimkaribisha mtu chakula akasema "asante" huku ameweka kiganja kifuani, humpakulii. Mgeni aliyejifunza Kiswahili kitabuni angempakulia sahani nzima, kwa kuwa kitabu kilimwambia "asante" ni shukrani tu.

"That's cool" inasema juu ya jambo ulilolileta wewe. Pweza amekubaliwa. Na ipo ya tatu, ambayo ndiyo ngumu: "I'm cool with that". Imeanza kama kukataa, lakini ikishafuatwa na "with" inageuka kuwa ridhaa, sina pingamizi. Kwa hiyo usiondoke na maneno mawili ya mwanzo. Subiri mgeni amalize sentensi yake ndipo mkono uende kwenye birika.

Hapo hapo kazini utakutana na nyingine. Mgeni aliyekufokea jana akija leo na kukuuliza "Are we cool?", anauliza kama umebaki na kinyongo. Ukitaka yaishe, mjibu "Yes, we're cool". Akisema "It's cool in here" anazungumzia hewa ya ndani, lakini "This place is cool" ni sifa kwa hoteli yenu. "The room isn't cool enough" maana yake kiyoyozi hakifanyi kazi sawasawa, basi kaite fundi. Na umwangalie sana atakayesema "The receptionist was cool towards me". Huyo analalamika kwamba mtu wa mapokezi hakumchangamkia. Ukimjibu "Thank you" kwa kudhani amesifu, utalizidisha jambo. Huyo anataka kuombwa radhi.

Ukishindwa kabisa, uliza: "Is that a yes, sir?" Kwa tabasamu, bila haraka. Mgeni muungwana hachukii kuulizwa hivyo.

Mwalimu, niko chuo Mwanza. Rafiki yangu anashikilia kwamba "cool" la kusifia lilitungwa na vijana wa Kizungu wa Marekani miaka ya 1960, na kwamba sisi tulilitafsiri tu ndipo tukapata "poa". Ni kweli?

Si kweli, na nitajibu kwa kirefu kwa sababu rafiki yako amewanyima haki yao watu waliolitia neno hili utamu wake.

Ubaridi ndiyo maana ya kale. Neno lina ndugu katika Kijerumani, kühl, na katika Kiholanzi, koel, na ndani ya Kiingereza chenyewe ni ukoo mmoja na "cold" na "chill". Kutoka ubaridi wa hewa Waingereza walihamia kwenye utulivu wa nafsi zamani sana. Shakespeare, zaidi ya miaka 400 iliyopita, alimfanya mama yake Hamlet amsihi mwanawe anyunyizie subira iliyo "cool" juu ya moto wa ghadhabu yake. Msomaji wa Kiswahili haelezwi mara mbili hapo, maana nasi tunasema hasira zimewaka, hasira zimepoa.

Baadaye utulivu uliopita kiasi ukaitwa kwa neno hilo hilo, yaani ule wa mtu anayefanya jambo la aibu bila kupepesa macho. Tarehe 27 Februari 1860 Abraham Lincoln alihutubia New York, katika jengo la Cooper Institute. Aliwajibu watu wa Kusini waliokuwa wakitishia kuuvunja Muungano endapo angechaguliwa rais wa chama cha Republican, na waliosema kuwa lawama ya kuuvunja itakuwa ya hao waliomchagua. Lincoln akasema: "That is cool." Alimaanisha, huo ni ukavu wa macho. Kijana wa leo akiisoma hotuba hiyo peke yake atadhani Lincoln amependezwa.

Sifa ilikuja kwa njia nyingine, na njia hiyo ni ya Wamarekani Weusi. Zora Neale Hurston alikulia Eatonville, Florida, mji ulioendeshwa na Weusi wenyewe, akasomea elimu ya mila na jamii za watu, na katika hadithi zake aliandika usemi wa watu wake kama walivyoutamka. Katika hadithi fupi aliyoichapisha mwaka 1933, mume anamsimulia mkewe habari za mgeni tajiri aliyeingia mjini, na jambo linalomvutia zaidi katika habari hizo analiita "cool". Mwaka 1933! Vijana wa miaka ya 1960 walikuwa bado hawajazaliwa.

Halafu wakaja wanamuziki wa jazi. Lester Young, mzaliwa wa Mississippi mwaka 1909, alipuliza saksafoni kwa mlio mwepesi usiokazwa, wakati wengi walipenda mlio mzito. Alikuwa na msamiati wake mwenyewe. Yeye ndiye aliyempa mwimbaji Billie Holiday jina la Lady Day, naye Billie akamwita Prez. Watu wakieleza jinsi "cool" lilivyoenea katika kumbi za muziki, jina la Young ndilo hutajwa sana. Mwaka 1947 Charlie Parker akarekodi wimbo wenye neno hilo katika jina lake. Miles Davis na kikundi cha watu tisa wakarekodi New York mwaka 1949 na 1950, na kampuni ya Capitol ilipozikusanya rekodi hizo katika santuri moja mwaka 1957 ikaiita "Birth of the Cool". Kuanzia hapo neno likawa jina la mtindo mzima wa kupiga.

Marehemu baba yangu alikuwa karani wa reli hapa Tanga, na usiku alipenda kusikiliza redio ya masafa mafupi. Voice of America walikuwa na kipindi cha jazi cha Willis Conover, kilichoanza mwaka 1955, na Conover alisema Kiingereza cha taratibu, neno baada ya neno, hata msikilizaji ambaye hiyo ni lugha yake ya pili akaweza kumfuata. Mimi "cool" la muziki nililisikia hapo kabla ya kulikuta kitabuni. Huku mitaani "jazz" lilikuwa neno la bendi zetu za dansi, Atomic Jazz na Jamhuri Jazz, na muziki wao haukufanana na ule wa redioni. Baba alizipenda zote.

Kwa nini utulivu ukawa sifa kubwa kiasi hicho kwa watu hao? Katika Marekani ya ubaguzi, Mweusi aliyeonyesha hasira yake mbele ya Mzungu aliweza kupoteza kazi, na aliweza kupoteza uhai. Kuutuliza uso kulikuwa kinga. Kulikuwa pia ni heshima ya mtu: umeninyima mengi, lakini uso wangu hutautawala. Robert Farris Thompson, profesa wa historia ya sanaa wa chuo kikuu cha Yale, aliandika mwaka 1973 kwamba mizizi ya jambo hili iko Afrika Magharibi. Alionyesha neno la Kiyoruba "tutu", ambalo ni ubaridi wa maji na pia ni utulivu wa mtu mwenye hekima, na jinsi wachongaji walivyowapa wafalme nyuso zilizotulia. Mimi hoja hiyo naiona ina nguvu.

Basi tuje kwenye "poa". Salamu ya "Mambo? Poa" ni ya vijana wa mijini, lakini kitenzi chenyewe hatukukiazima kwa mtu. Uji umepoa, homa imepoa, jino limepoa, ugomvi umepoa. Bibi yangu alisema "moyo wangu umepoa" na hakujua neno la Kiingereza. Kiswahili kilikuwa kimeshapita njia yake: joto kuondoka, kisha maumivu kuondoka, kisha mambo kuwa shwari. Lugha mbili zikakutana mahali pamoja. Mwambie rafiki yako hivyo, na umtajie jina la Hurston.

Mwalimu, mimi ni bodaboda Kahama na mpira nautazama kwenye vibanda vya video. Mtangazaji wa Kiingereza husema "cool finish", na mara nyingine "cooling break". Ni neno moja?

Ni moja. "Cool finish" ni kumalizia kwa utulivu, mchezaji akiwa ana kwa ana na kipa bila kubabaika. Mfano unaotajwa sana ni wa Antonín Panenka katika fainali ya Ulaya mwaka 1976, mjini Belgrade. Chekoslovakia walikuwa wakipigiana penalti na Ujerumani Magharibi, na mpira wake ulikuwa ndio wa kuamua kombe. Kipa Sepp Maier akaruka upande, Panenka akaubetua taratibu katikati ya goli. Moyo ulikuwa ukimdunda, bila shaka, lakini mguu haukujua.

"Cooling break" ni ubaridi wenyewe hasa: wachezaji wanasimama wanywe maji na kujipoza. Katika Kombe la Dunia la mwaka 2014 kule Brazil, FIFA iliweka kipimo kinachochanganya joto, unyevu wa hewa na jua. Kikizidi nyuzi 32, mwamuzi aliweza kusimamisha mchezo dakika 3, kwenye dakika ya 30 hivi ya kila kipindi. Ilifanyika kwenye mechi ya Uholanzi na Meksiko mjini Fortaleza.

Mwalimu, naomba uninusuru, naandika kutoka Columbus, Ohio. Nina watoto watatu, wa kwanza ni wa kiume, ana miaka 15. Mama yangu mzazi alilazwa hospitali Kigoma. Siku aliyoruhusiwa nilimwandikia mwanangu ujumbe mrefu kwa Kiswahili nikiwa kazini: bibi ametoka, amekula vizuri, amekuulizia. Akajibu neno moja, "cool". Nililia pale chumba cha mapumziko. Nimemlea vibaya?

Dada yangu, kwanza tumshukuru Mungu bibi amerudi nyumbani. Barua yako nimekaa nayo kuliko nyingine zote.

Hujamlea vibaya. Kwenye simu ya kijana wa Ohio neno hilo lina kazi ya kukiri kwamba habari imefika. Akiambiwa mtihani umesogezwa mbele ataandika "cool". Akiambiwa kuna pilau kwenye friji ataandika "cool". Limetumika sana hata limepungua uzito mdomoni mwake, na yeye hahisi kwamba amekujibu kwa ukavu. Huenda pia alimaanisha furaha kamili, maana kwa rika lake hilo bado ni neno la kupendezwa. Uso wake hukuuona na sauti yake hukuisikia, ukabaki na herufi nne kwenye kioo cha simu, ukiwa na uchovu wa zamu na mawazo ya mama aliye mbali. Pengo hilo ukalijaza kwa hofu. Mzazi yeyote angelijaza hivyo.

Tazama tena ujumbe wake: aliweka nukta mwishoni? Si swali dogo. Watafiti wa chuo kikuu cha Binghamton, jimbo la New York, walitangaza mwaka 2015 kwamba wanafunzi waliosoma majibu mafupi ya simu waliyaona yale yenye nukta kuwa hayana moyo sana kuliko yale yasiyo na nukta. Kwa watoto hawa nukta ni mlango uliofungwa kwa nguvu. Kama hakuiweka, mimi ningelala na amani kidogo.

Lakini kuna jambo jingine ambalo sitalificha. Mwanao ni kijana Mweusi anayekua Marekani, na shuleni anajifunza mambo ambayo hayamo kwenye ratiba. Mwaka 1992 Richard Majors na Janet Mancini Billson walichapisha kitabu juu ya kile walichokiita "cool pose": namna vijana wa kiume Weusi wanavyokaza uso, mwendo na maneno ili ulimwengu usiwaone dhaifu. Inawalinda kwa wanaowadharau. Taabu yake ni kwamba mtu akizoea kujifunika huko nje, hujisahau akaja kujifunika hata mbele ya mama yake. Gwendolyn Brooks, mshairi wa Chicago aliyepata tuzo ya Pulitzer mwaka 1950, ana shairi fupi mno juu ya vijana saba walioacha shule wakakaa kwenye meza ya pool wakijiita "cool", na mwisho wake ni kifo cha mapema. Sisemi mwanao yuko huko. Mtoto aliyepewa habari za bibi yake akajibu papo hapo, hata kwa neno moja, hajapotea. Nasema neno hilo kwake lina uzito wa mitaani ambao wewe na mimi hatukuubeba tulipokuwa na miaka 15, na anahitaji nyumba ambamo hana haja ya kulibeba.

Usimkataze kulisema. Ukimkataza atatafuta jingine, na yako mengi. Mpe maneno ya kujibia. Watoto wetu wa ughaibuni wanasikia Kiswahili vizuri na bado hawana la kusema habari nzito inapokuja, kwa sababu tumewafundisha amri, njoo, kula, oga, lala, na hatukuwafundisha maneno ya furaha na ya msiba. Mfundishe kwa mdomo, jikoni, mkiwa wawili: "Nimefurahi sana, msalimie bibi." "Mungu mkubwa." "Mwambie nimemkumbuka." Kama ninyi ni Waislamu, "Alhamdulillahi" peke yake inatosha, nayo ni fupi kama hiyo ya kwao.

Halafu mpigie bibi simu na umpe mtoto asikie sauti yake. Usimwelekeze la kusema. Bibi atamwuliza umekula nini, unasoma, unasali, na yeye atajibu tu, hata kwa Kiswahili cha kuchechemea. Na mwambie kwamba ulilia. Mwambie bila hasira, siku mko kwenye gari, maana vijana wa kiume husikia vizuri wakiwa hawatazamwi usoni. Hajui kwamba neno lake linaweza kumfikia mtu hivyo. Akishajua, atachagua mwenyewe la kukuandikia siku nyingine. Niandikie unieleze ilivyokuwa, dada.

Shikamoo Mwalimu. Niko kidato cha nne Iringa. Naweza kuandika "cool" kwenye insha ya mtihani?

Marahaba, mwanangu. Unaweza ukizungumzia hali ya hewa: asubuhi za Iringa ni "cool", na za Njombe mwezi Julai ni "cold", kwa sababu la kwanza ni ubaridi unaovumilika na wa kupendeza, la pili ni baridi ya kutafuta blanketi. Unaweza pia ukimsifu mtu aliyetulia kwenye hatari, "she stayed cool". La mitaani liweke midomoni mwa wahusika tu, ndani ya mazungumzo. Kwenye barua ya kuomba kazi usiliweke kabisa. Ukitaka kusifu, useme hasa umependa nini.

Mwalimu, nasoma riwaya za zamani za Kiingereza hapa Kisumu. Mtu "alilala kwenye cooler", na mwingine alirithi "a cool four thousand". Ni nini hizi?

"Cooler" ni mahabusu, mahali pa kumtia mlevi au mgomvi mpaka apoe. Hapo Kiingereza na Kiswahili vinakubaliana tena. Ama "cool" mbele ya fedha, huongeza uzito wa kiasi: elfu nne taslimu, si mchezo. Ni matumizi ya zamani. Mwandishi Henry Fielding aliyatumia mwaka 1749 kwa mtu aliyepoteza mia moja kwenye kamari. Hiyo elfu nne yako bila shaka umeikuta kwa Dickens, katika riwaya yake ya 1861, pale Joe mhunzi anapotaja urithi na Pip anakiri hajui Joe aliutoa wapi ubaridi wa pauni hizo. Ukiona hata Dickens alilisimamia neno hilo akalishangaa, nawe usione tabu kuuliza.

Assalamu alaykum Mwalimu. Natuma dawa za mama yangu Pemba kutoka huku Muscat. Kopo limeandikwa "Store in a cool, dry place". Aweke kwenye friji?

Wa alaykumu salaam. Maandishi hayo peke yake hayasemi friji. Dawa ya kukaa kwenye friji kwa kawaida huandikwa wazi neno "refrigerate", au nyuzi 2 hadi 8. Katika vitabu vya viwango vya dawa vya Marekani "cool" ni kati ya nyuzi 8 na 15, na chumba cha Chake Chake hakifiki huko hata usiku. Kwa hiyo kabla hujafunga mzigo, mwulize mfamasia aliyekuuzia: dawa hii hasa inastahimili joto gani? Mwandikie mama kwa Kiswahili ubandike juu ya kopo. Asiiweke karibu na jiko, dirishani kwenye jua, wala bafuni, kwa sababu hilo "dry" nalo lina maana yake.

Yambo Mama Mwalimu. Mimi natoka Bukavu, tunaishi Texas. Mwanaume mmoja alikuja mlangoni akatuuzia masufuria kwa mkopo, bei kubwa sana. Mume wangu akatia sahihi. Kwenye karatasi kuna maneno "cooling-off". Mtoto akasema ni habari ya sufuria kupoa. Ni hiyo?

Yambo, mama. Wewe nilikujibu kwa simu siku ile ile barua yako iliponifikia, kwa sababu hapa siku zinahesabiwa. Naandika kwa faida ya wengine, maana wauzaji wa namna hiyo hupenda sana nyumba za watu waliohamia karibuni.

Kinachopoa ni mnunuzi. Sheria inajua kwamba mtu aliyebanwa nyumbani kwake na muuzaji mwenye maneno mengi anaweza kukubali kwa kuona haya, basi inampa muda damu ipoe afikiri. Marekani kanuni hiyo iko chini ya shirika la serikali linaloitwa Federal Trade Commission. Ukiuziwa kitu nyumbani kwako cha dola 25 au zaidi, unaweza kuvunja ununuzi mpaka saa sita usiku ya siku ya 3 ya kazi baada ya kutia sahihi, bila kutoa sababu yoyote. Jumamosi inahesabiwa. Jumapili na sikukuu za serikali kuu hazihesabiwi. Ulichonunua kwa intaneti au kwa simu hakimo katika kanuni hii, na Uingereza wana yao, siku 14 kwa vitu vingi vinavyonunuliwa mtandaoni.

Muuzaji anatakiwa akupe nakala mbili za fomu ya kuvunja, pamoja na mkataba au risiti katika lugha ileile aliyotumia kukushawishi. Tia sahihi na tarehe kwenye moja, itume kwa posta kwa barua ya kusajiliwa ili ubaki na ushahidi wa tarehe, na nyingine itunze. Kama hakukupa fomu, andika barua yako mwenyewe yenye maneno mawili matatu kwamba unavunja ununuzi, uitume hivyo hivyo. Baada ya kuipokea ana siku 10 za kukurudishia fedha zako. Masufuria msiyapikie. Yaacheni kwenye boksi lake mpaka aje kuyachukua.